Futi Mia Ndani ya Halua

Simu ililia mara mbili, ikanyamaza. Ikalia tena.

Turkiya binti Muslim aliinyanyua kabla ya mlio wa pili.

"Sindano."

"Cherehani hapa," ilisema sauti ya upande wa pili. Alikuwa Marzouq, mkubwa wake wa kazi, anapiga kutoka Maskati. "Kushona kumekwisha. Kata uzi kabla ya adhuhuri."

"Uzi upi?"

"Mweupe."

Simu ikakatwa.

Turkiya aliirudisha taratibu, kama mtu anayeweka yai. Saa moja na robo ya asubuhi, mji wa Izki, mwisho wa Februari 1976. Uzi mweupe alikuwa mtu. Kumkata ni kumtia mbaroni.

Jina lake Hannelore Wiesner. Mjerumani, umri miaka hamsini na mmoja, kazi yake kukata na kuunganisha filamu. Serikali ilikuwa inatengeneza filamu ya falaji, ile mifereji ya kale inayoleta maji mashambani, na Hannelore aliletwa aipe umbo. Turkiya aliwekwa pembeni yake kama mkalimani. Kijerumani alikipata Unguja, kwa walimu waliokuja kutoka Ujerumani Mashariki baada ya Mapinduzi, akakimalizia Leipzig alikopelekwa kusomea uuguzi. Alipofika Oman na mabegi mawili na mama mgonjwa, Idara moja isiyo na kibao mlangoni ikamwambia kwamba lugha hiyo isipotee bure.

Na jana Idara hiyo ilinasa ujumbe hewani. Maneno saba tu.

*Nyuso sita zinasafiri kesho ndani ya filamu.*

Nyuso hizo Turkiya alizijua. Watu sita waliokuwa katika njama ya kuipindua nchi, wakaiacha, wakaja kusema yote waliyoyajua. Idara iliwaficha katika nyumba moja kwenye bonde la Wadi Bani Khalid. Majina yao yalibadilishwa. Sura hazibadilishwi, na wenzao wa zamani walikuwa wanatafuta hizo sura tu, ili wajue wa kumpiga risasi.

Mmoja wa hao sita aliitwa Zuhair. Yeye na Turkiya walinyonya ziwa moja huko Malindi ya Unguja, mwaka mama yake Zuhair alipougua. Ndugu wa kunyonya ni ndugu. Idara haikulijua hilo, maana faili halina mahali pa kuandika maziwa.

Akachukua mkoba. Ndani: kitana, msahafu mdogo, bastola aina ya Browning.

Akavuka ua.

Chumba cha kazi kilikuwa chumba cha udongo, madirisha yamezibwa kwa mablanketi meusi. Nje jenereta linanguruma. Katikati ilikaa meza ya kukatia filamu, Steenbeck, sahani zake za chuma zikizunguka, na kioo kidogo kikimulika uso wa Hannelore kwa rangi ya maji. Alikuwa amevaa glavu zake nyeupe za pamba. Hakugeuka.

"Funga mlango, mwanga unaingia," alisema kwa Kijerumani. "Kisha njoo uone mtu anavyonifanya mjinga."

Turkiya akafunga. Mkono wake ukabaki ndani ya mkoba.

Hannelore akamwonyesha kwa ncha ya penseli. Kiwanda, alieleza, huchapa nambari ndogo ukingoni mwa kila mkanda, kila futi na nambari yake. Mkanda wa kamera una futi mia nne. Mkanda wa thelathini na moja ulipigwa na Khelef, mpiga picha wao, wiki mbili zilizopita, ukapelekwa Ulaya kusafishwa, ukarudi jana. Umerudi na futi mia tatu.

"Kwenye karatasi yake Khelef ameandika kwamba mwisho wa mkanda ulikwama kwenye kamera ukachanika," alisema. "Mkanda uliokwama huraruka matundu. Picha za mwisho hutetemeka. Huu umekatwa kwa mkasi, wima, na mtu asiye na haraka."

"Kwa hiyo futi mia ziko wapi?"

"Kwake. Hazijasafishwa bado. Karibu dakika tatu za picha. Mtu hafichi dakika tatu za ndizi."

Turkiya akatazama kioo. Maji yalikuwa yanaingia kwenye shamba la migomba, yakimeta, yakitafuta njia kati ya mashina. Shamba alilijua. La Shekhe Amur, mume wa shangazi yake.

"Ameandika amelipiga siku gani?"

"Alkhamisi, tarehe kumi na mbili. Siku nzima yuko hapahapa Izki."

Turkiya akatoa mkono mkobani.

Bila bastola.

Alkhamisi ile hataisahau. Alikwenda kumtembelea shangazi, akaona mnanaa umenyauka, akainua jiwe la mlango wa maji na kuuburudisha. Shangazi Mabruka alitoka jikoni na mwiko mkononi. Akamwuliza kama huko Unguja walikomlea walimfundisha kuiba maji ya msikiti. Zamu ya shamba lao ilikuwa Jumatatu, imekwisha, na haitarudi mpaka Jumanne ya wiki ijayo, kwa sababu falaji ile huzunguka kwa siku nane na haimwonei mtu haya. Shekhe Amur alimchukua mkono kwa mkono mpaka kwa wakili wa falaji, mgawa zamu, wakaomba radhi kwa kikombe kizima cha maji. Izki nzima ilicheka. Watoto walimwita Mwizi wa Mnanaa siku tatu.

Alkhamisi hiyo shamba la Shekhe Amur lilikuwa kavu kama mgongo wa kobe.

"Maji haya ni ya Jumatatu," alisema. "Khelef aliyapiga mapema akayaweka, apate kisingizio cha Alkhamisi. Yeye kakulia Tabora. Huko maji yanatoka mawinguni na hayaulizi shamba la nani. Alidhani maji ni maji."

"Alkhamisi alikuwa wapi, basi?"

Turkiya alipiga hesabu. Kutoka Izki mpaka Wadi Bani Khalid ni mwendo wa asubuhi moja, na Khelef alikuwa na lenzi ndefu kama mkono.

"Leo yuko wapi?" akauliza yeye.

"Ameondoka alfajiri. Amesema anakwenda Sur kupiga picha za mafundi wa majahazi."

Hannelore akazima meza. Sahani zikapunguza mwendo, zikasimama. Akavua glavu ya kushoto.

"Bastola ulikuwa umeniletea mimi," alisema.

"Ndiyo."

"Kwa sababu ya faili langu la Berlin, la wakati wa vita."

"Ndiyo."

"Unanikamata?"

"Nimeshakukamata," alisema Turkiya. "Ingia garini."

---

Landrova ilitoka Izki saa mbili. Barabara haikuwa na lami. Ilikuwa changarawe na matuta, na meno yaligongana. Turkiya alikanyaga mafuta hadi mwisho.

Redio ya Pye ikakoroma chini ya kiti.

"Sindano, hapa Cherehani. Uzi?"

"Umo mkononi."

"Upo wapi?"

"Safarini. Bidhaa hana yeye, anayo mpiga picha. Anaelekea Sur. Nataka watu huko."

Marzouq akasema arudi Izki, akae na mfungwa wake, asubiri. Akalirudia neno *asubiri* mara mbili. Milima ikaimeza sauti yake, au Turkiya aliipunguza. Baadaye hakuweza kukumbuka ipi ilitangulia.

Milima ya Izki ikabaki nyuma. Halafu Hannelore akaanza kusema, macho barabarani, bila kuulizwa.

Mwaka arobaini na nne alikuwa na miaka kumi na tisa. Kazi yake ilikuwa kubandika vipande vya filamu za habari katika chumba cha chini, Berlin, mabomu yakidondosha vumbi juu ya gundi. Siku moja waliingia wanaume wawili wenye makoti marefu. Walitaka kuona kipande cha stesheni ya treni, watu wakiagana. Wakamwambia asimamishe. Wakamwuliza kwa adabu kabisa kama anaweza kumpata mtu mwenye kofia aliyesimama nyuma.

"Nilikuwa na macho mazuri kuliko wote pale chumbani," alisema. "Nikajivunia. Nikachukua penseli ya njano, nikamzungushia duara."

"Ikawaje?"

"Wakashukuru."

Gari likaruka shimo.

Baada ya vita alikata habari za vifusi, kisha matangazo ya sabuni, kisha filamu za mapenzi Hamburg na Munich. Filamu arobaini na tatu. Alipata sifa ya mtu anayeweza kuunganisha vipande viwili vilivyopigwa miaka miwili mbalimbali, mshono usionekane. Jina lake hupita mwishoni, watazamaji wakiwa wameshasimama wanatafuta makoti. Na katika kila filamu, kabla hajamtazama nyota, humtazama aliyesimama nyuma.

"Sijamjua jina mpaka leo," alisema. "Nakumbuka kofia."

Saa tano na nusu walifika Ibra.

---

Khelef alikuwa na mama, na mama alikuwa Ibra. Mtu aliyetoka Izki kwenda Sur hawezi kupita mlango wa mamake bila kushuka. Angefanya hivyo, habari ingefika Sur kabla yake.

Bi Shukriya alifungua mlango mwenyewe. Mwanamke mnene, kanga mbili, lafudhi ya Tabora haijamtoka.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Karibuni. Huyu Mzungu naye anakunywa kahawa, au ndiyo wale wa maji moto matupu?"

Turkiya akasema anakunywa. Akajitambulisha kama mfanyakazi mwenza wa Khelef, aliyeachwa nyuma na mwenye haraka.

"Wewe wa Unguja," alisema Bi Shukriya. "Unavyovuta maneno tu nimekujua. Haraka mnaijua wapi nyinyi? Kaa." Akamimina kahawa. "Mwanangu katoka hapa sasa hivi, kikombe chake hicho hakijapoa. Na kaniudhi."

"Kakuudhi nini, mama?"

"Kapita Nizwa juzi, kaja na mabati mawili ya halua. Kanipa moja. Sawa. Nikamwambia, nipe na la pili niwapelekee majirani, maana halua ya Nizwa ikiingia nyumba hii mtaa mzima unapata harufu. Kakataa! Eti la rafiki yake mwenye ndege, anaruka alasiri kutoka Sur. Mimi nilimlea mtoto huyu, hajapata kuninyima kitu. Nikalinyanyua nione, akaninyang'anya. Jepesi, nakwambia. Halua gani nyepesi?"

Turkiya akaweka kikombe chini. Akakitikisa kwanza kidogo, kwa adabu, kuonyesha ametosheka.

"Labda aliionja njiani, mama."

"Aionje nusu bati? Basi akirudi mwambie nimekasirika."

"Nitamwambia."

Mlangoni Bi Shukriya alimshika mkono. Macho yake yalikuwa yamebadilika. Akauliza kwa sauti ya chini kama mwanawe yumo katika jambo baya. Turkiya alikuwa na majibu kumi ya uongo aliyofundishwa, yote mazuri.

Hakutumia hata moja. Aliubusu ule mkono, akaondoka.

---

Bidiya. Kamil. Vumbi.

Saa kumi kasoro dakika kumi na mbili, Sur ikatokea, nyeupe, na nyuma yake bahari. Turkiya hakuingia mjini. Akapinda kushoto, kuelekea kiwanja cha ndege.

Kiwanja chenyewe kilikuwa ardhi iliyosawazishwa, kibanda cha makuti na mapipa ya mafuta. Ndege ilikuwa Cessna nyeupe ya watafiti wa madini. Pangaboi lilikuwa linazunguka tayari. Rubani, mgeni mwenye miwani myeusi, alikuwa ameshafunga mkanda wake.

Hatua hamsini kutoka kwenye ndege, gari la Khelef. Khelef mwenyewe anatembea. Bati la halua limo kwapani.

"Shika chuma," alisema Turkiya.

Landrova ilikata kiwanja katikati, ikazunguka, ikasimama mbele ya pua ya ndege. Rubani akainua mikono kabla hajaambiwa. Akazima injini.

Ukimya ukashuka.

Turkiya alitoka upande wa pili wa gari, mlango kati yake na Khelef.

"Khelef! Mamako anakusalimu. Amekasirika."

Khelef alisimama. Kijana mzuri, shati limepigwa pasi. Sekunde moja uso wake ulikuwa uso wa mtoto aliyekamatwa na sukari. Sekunde ya pili alikuwa na bastola aina ya Walther mkononi.

"Umekwenda kwa mama yangu?"

"Umempa halua nzuri. Hii nyingine ndiyo ina tatizo la uzito."

Khelef akapiga. Kioo cha mlango kikamwagika. Hannelore aliinama ndani ya gari.

Turkiya alipiga mara moja, chini ya mlango.

Khelef akaketi mchangani, ameshika goti. Walther ikaruka. Bati likabingirika, likachora mstari mrefu, likasimama miguuni pa Turkiya.

Alikwenda kwanza kwenye bastola, akaitia mkobani. Kisha akavua mtandio wa bega, akamfunga goti lile kwa mikono ya muuguzi. Damu ilipungua.

"Ulikuwa Wadi Bani Khalid Alkhamisi ile," alisema, akikaza fundo.

"Nilikuwa Izki. Uliza karatasi."

"Nimeyauliza maji. Alkhamisi ile shamba la Shekhe Amur halikuwa na zamu."

Khelef akacheka, jasho likimtoka.

"Maji," alisema. "Wallahi. Maji."

"Nani amekuonyesha ile nyumba?"

"Unadhani niliiota?" Alisogea, maumivu yakamrudisha. "Chukua bati, Turkiya. Wapelekee wakubwa zako walisafishe. Litafika kulekule. Umeninyima ndege tu, njia bado ipo."

Upepo wa bahari ulivuma kiwanjani.

Turkiya alibaki amechutama. Nyumba ile waliijua watu wachache, na wote wana dawati katika Idara. Alisikia tena sauti redioni. *Asubiri. Asubiri.* Huenda ilikuwa amri ya kawaida ya mkubwa mwenye hadhari. Huenda haikuwa.

Akalifungua bati. Juu, halua nyeusi, nene kidole kimoja. Chini yake, karatasi ya nta. Chini ya karatasi, kopo bapa la filamu limezungushiwa utepe mweusi.

Redio ikakoroma.

"Sindano, hapa Cherehani. Nimeambiwa kuna risasi Sur. Bidhaa ipo?"

"Ipo."

"Ilete Maskati kama ilivyo. Usiifungue. Ni ushahidi, bila huo kesi hakuna."

Ilikuwa kweli. Bila futi zile, kulikuwa na nambari ukingoni mwa mkanda, karatasi ya uongo na zamu ya maji. Zilitosha kumsafisha Hannelore. Kumfunga Khelef, labda. Kumpata aliyemtuma, hapana. Na Turkiya angeulizwa maswali, safari hii yeye akiwa upande wa pili wa meza.

Upande mwingine kulikuwa na Zuhair, amesimama nyuma, hajui kama anatazamwa.

Hannelore alikuwa ameshuka garini. Vipande vya kioo vilimeta nyweleni mwake. Hakuomba kitu. Alitoa tu zile glavu nyeupe mfukoni, akazivaa, kidole kimoja kimoja.

"Mwanga ukiingia?" Turkiya alimwuliza kwa Kijerumani.

"Hakuna atakayeona kitu. Milele."

Turkiya akampa kopo.

Hannelore akaubandua utepe. Alikuwa amefungua makopo elfu katika maisha yake, yote gizani. Hili akalifungua chini ya jua la Sur. Akaukamata ukanda kwenye ncha, akauvuta, pima baada ya pima, unaning'inia hewani, unajikunja juu ya mchanga. Rangi yake ilikuwa ya maziwa yaliyochacha. Jua likaula wote. Aliendelea kuvuta mpaka kopo likabaki tupu, na bado akatazama ndani.

Khelef alifumba macho.

"Sindano?" redio iliita. "Sindano, jibu. Bidhaa ina nini?"

Turkiya akabonyeza.

"Haina mtu," alisema. "Mpiga picha yupo, amejeruhiwa, nampeleka hospitali mwenyewe, nitakaa naye. Uzi mweupe ni safi. Nyumba ya wadi ihamishwe. Nitaihamisha mimi, na nitakakoipeleka sitamwambia mtu."

Redio haikujibu. Ilivuma tu, kama chumba ambamo mtu anafikiri.

Akaizima.

Wakampakia Khelef nyuma, goti limenyooshwa. Hannelore aliukusanya ule ukanda wote, akaufungasha mikononi kama uzi wa sufu, akaketi nao mapajani. Turkiya aliliokota bati, akapuliza mchanga juu ya halua, akakata kipande kwa kidole.

Zafarani, iliki, na chembe ya mchanga chini ya jino.

"Mamako alikuwa na haki," alimwambia Khelef kwa juu ya bega. "Nusu bati haitoshi kitu."

Akaliweka bati kwenye kiti cha katikati, la kurudisha Ibra. Akawasha gari. Njia nzima mpaka hospitali jicho lake moja lilikuwa kwenye kioo cha nyuma, linamtafuta aliyesimama nyuma, aliyemtuma Khelef.